Shusheni Droni

Kwenye diski yangu kuna klipu 119 za majani chai zilizopigwa kutoka juu. Nilizihesabu juzi usiku, stima ikiwa imepotea tena na laptop imebaki na chaji ya saa moja. Kati ya hizo 119, binadamu anaonekana kwenye 4. Kwenye 3 kati ya hizo 4, binadamu wenyewe ni bwana na bibi harusi walionilipa. Ya nne ilikuwa ajali: mama mmoja alikatiza njia na mzigo wa kuni mgongoni kabla sijageuza kamera. Kwenye jina la faili hiyo nimeandika "futa".

Mimi ni mpiga video. Kazi yangu iko kati ya Kericho mjini, Litein na Bomet: harusi, koito, mahafali, mazishi ya wenye uwezo, na nyimbo za injili ambazo lazima mwimbaji asimame katikati ya majani chai akiwa na suti ya kukodisha. Ninaandika haya kugombana na wenzangu wa kazi hii, na nitaanza na mimi mwenyewe ndiyo mtu asiseme najiona. Ombi langu ni dogo na najua litaudhi: shusheni droni.

Mnaijua ile video. Kila mtu wa huku ameipiga angalau mara moja. Unaamka saa kumi na moja, unafika shambani kabla jua halijatoka, kwa sababu saa nane mvua ya Kericho itakuja bila kubisha hodi, na ikija na mawe droni yako imekwisha. Unairusha. Ukungu uko chini kwenye mabonde, majani yamepangwa kama zulia lililokatwa na makasi, barabara ya lami inapita katikati kama utepe. Unaweka piano. Unapandisha. Watu wa Nairobi wanaandika chini, "Kwani hii ni Kenya?" na wewe unajibu kwa bendera mbili na moyo wa kijani. Kufikia jioni una watazamaji elfu kumi.

Sisemi si nzuri. Ni nzuri sana, na hapo ndipo shida inapoanzia. Ni nzuri kwa sababu haina mtu. Ukiwa juu mita themanini huoni nyumba za laini ambazo familia nzima imekaa chumba kimoja. Huoni wamama waliofunga karatasi ya nailoni kiunoni kwa sababu umande wa asubuhi unalowesha hadi mfupa. Huoni mtu akibishana na mizani. Huoni zile mashine za kuchuma, wanaume wawili wamezibeba huku na huku, na nyuma yao hakuna wale wamama thelathini waliokuwa wakifanya kazi hiyo. Droni inaonyesha shamba jinsi mwenye shamba angependa lionekane. Sisi ambao hatuna hata ekari humo ndani tumekuwa tukimfanyia kazi hiyo bure, tukidhani ni sanaa.

Bure, au kwa bei. Acha niungame.

Mwaka juzi mteja mmoja, jina lake silitaji, alinipa kazi ya video ya dakika mbili ya kuonyesha wanunuzi wa nje jinsi uvunaji umekuwa wa kisasa. Nilifurahi sana. Ilikuwa kazi yangu ya kwanza isiyo na keki. Asubuhi ya shuti kulikuwa na wamama kama ishirini hivi wamekaa kando ya geti wakingoja kama kutatoka kibarua. Yule kijana wa ofisi aliyekuwa akinisimamia, wa rika langu kabisa, akaniambia, "Bro, hao usiwaingize." Sikubisha. Nilipandisha droni mpaka wakawa nukta, halafu nilipofika kwenye kuhariri nikaziondoa hata zile nukta. Nililipwa elfu thelathini na tano. Nikanunua betri mbili.

Mama yangu alichuma majani miaka kumi na saba, mpaka mashine zilipokuja na yeye na wenzake wakaambiwa waende nyumbani. Sijui ni ujinga gani ulinifanya nimwonyeshe ile video. Nadhani nilitaka aone mwanawe ameanza kupata kazi kubwa. Aliangalia kimya mpaka mwisho, kisha akaniambia nirudishe nyuma. Akaweka kidole kwenye skrini.

"Hapa si ni namba nane? Huu mti si ule tulikuwa tunakaa saa ya chai?"

Alikuwa sahihi. Mimi mwenyewe sikujua ni namba ngapi. Alilitambua lile shamba kutoka angani, mtu ambaye hajawahi kupanda ndege.

"Na watu wako wapi?"

Nikamweleza habari ya fremu, na mteja, na mtindo wa siku hizi. Akaniacha nimalize.

"Umeangalia kama mwewe," akasema. "Mwewe akiwa huko juu anatafuta kifaranga. Wewe ulikuwa unatafuta nini?"

Halafu akaenda kuangalia ng'ombe. Hakukasirika. Angekasirika ningeandika kitu kingine, labda cha kujitetea.

Tangu siku hiyo nimekuwa nikijiuliza ni nani hasa ametupiga picha sisi watu wa majani chai, na walibaki na nini. Mwaka wa 1950 Hugh Tracey alifika Kapkatet na mashine yake ya kurekodi, akawarekodi wasichana wa Kipsigis wakiimba wimbo wa Chemirocha, jina ambalo lilitokana na mwimbaji wa Marekani, Jimmie Rodgers. Ule wimbo umezunguka dunia. Kuna watu Marekani na Ulaya wanaoupenda kuliko sisi, na kanda yenyewe ikakaa kwenye maktaba Afrika Kusini miaka na miaka. Tracey alifanya kazi nzuri. Bila yeye tusingekuwa nao. Lakini angalia mpangilio: anayekuja na mashine ni mgeni, anayetoa sauti ni wetu, na kinachobaki kinaondoka na mashine.

Februari 2023 ikawa hivyo tena, na safari hii iliuma. BBC ilirusha uchunguzi wake kuhusu wanawake wa mashamba ya chai ya Kericho waliokuwa wakilazimishwa kufanya ngono na wasimamizi ili wapate au wabaki na kazi. Wanawake zaidi ya 70 walizungumza. Kamera za siri zikaonyesha. Bunge likaamka, makampuni yakatoa taarifa, wanunuzi wa Uingereza wakashtuka. Sasa niambieni ukweli, nyinyi mliozaliwa huku: ni nani kati yetu alishtuka? Habari hizo tulizisikia jikoni tukiwa watoto, wakubwa wakishusha sauti tukiingia. Mji wa Kericho pekee una wapiga video wa kujaza matatu mbili. Tulikuwa na kamera, tulikuwa na lugha, tulikuwa na shangazi zetu humo ndani. Siku zile zote tulikuwa angani tukipiga ukungu.

Mtaniambia sisi si waandishi wa habari, sisi ni wabunifu tunaotafuta riziki. Sawa. Basi tuzungumze kuhusu mbunifu mmoja aliyekuwa akitafuta riziki.

Judy Kibinge hakuanza kama shujaa wa filamu za kweli. Alianza kwenye matangazo ya biashara, na alipanda hadi kuwa mkurugenzi wa ubunifu McCann Erickson hapa Kenya. Yaani alifanya kazi yetu hii, lakini kwa kiwango ambacho mimi na wewe tunakiota tu: kufanya kitu kipendeze ili kinunuliwe. Mwishoni mwa miaka ya 1990 aliiacha. Watu waliokuwa wakitengeneza filamu Kenya wakati huo ungeweza kuwahesabu kwa vidole. Mwaka wa 2002 akatoa Dangerous Affair, filamu aliyoiandika na kuiongoza, kuhusu vijana wa Nairobi wenye kazi, pesa na mapenzi ya kusalitiana. Wako wanaosema ni filamu nyepesi. Mimi naona alifanya jambo moja zito: aliwaonyesha Wakenya kama watu wenye mambo yao, bila simba, bila njaa na bila mzungu wa kuwaelezea. Ikafuata Project Daddy mwaka wa 2004, kisha Killer Necklace mwaka wa 2008.

Halafu angalia alikoelekea. Mwaka wa 2013 ilitoka Something Necessary, filamu ya baada ya ghasia za uchaguzi. Muuguzi anayeitwa Anne anaamka hospitalini: mume ameuawa, mtoto ameumizwa vibaya, shamba limechomwa. Upande wa pili kuna Joseph, kijana aliyekuwa kwenye lile genge, ambaye hawezi kuishi na alichofanya na anaanza kuvutwa kurudi kwenye shamba hilohilo alilosaidia kuharibu. Mwaka wa 2015 akatoa Scarred, kuhusu mauaji ya Wagalla ya Februari 1984 kule Wajir, jambo ambalo serikali kwa miaka mingi haikutaka liguswe. Na katikati ya hayo yote akaanzisha Docubox, mfuko wa kuwasaidia watengenezaji wa filamu za hali halisi wa Afrika Mashariki.

Mtu aliyeanza kwa kuuza bidhaa aliishia Wajir akiwasikiliza walionusurika. Alizidi kushuka, akakaribia uso wa mtu. Na alipopata jina, badala ya kulikalia kama kuku wa mayai, akatengeneza njia ya wengine kupata kamera, pesa na ushauri. Mimi naiita hiyo kazi ya maisha. Sisi tunapiga hesabu ya maendeleo yetu kwa namba ya droni: ya kwanza ndogo, ya pili yenye kamera tatu, ya tatu ya mkopo wa sacco.

Kuna sababu nyingine ninayomtaja. Ile filamu ya Joseph na Anne ni yetu. Ingeweza kutokea Kipkelion, ingeweza kutokea Londiani. Januari 2008 mimi nilikuwa mtoto wa darasa la pili. Nakumbuka moshi, nakumbuka dawati moja likabaki wazi, la rafiki yangu Mkisii ambaye baba yake alifanya kazi kwenye chai. Mashambani wafanyakazi Wakisii walifukuzwa, nyumba za laini zikachomwa. Shule ilipofunguliwa mwalimu alipanga madawati upya na hakuna aliyeuliza. Ni miaka karibu ishirini sasa. Akina Joseph wetu ni watu wazima, wengine ni wazee wa kanisa, wengine wamenilipa niwapigie harusi za watoto wao. Mimi sijawahi kuona filamu hata moja ya kijana wa huku kuhusu jambo hilo. Aliyeigusa hadithi yetu ni mwanamke wa Nairobi, na alimpa hata mkosaji uso na jina, kitu ambacho sisi wenyewe tumeshindwa kufanya kwa upande wowote.

Sasa najua majibu, kwa sababu nimeyatoa mwenyewe nikiwa na wenzangu kwenye kibanda cha chai na mandazi.

Jibu la kwanza: pesa iko wapi? Hakuna atakayelipa kuona mama akichuma majani. Na huyo Kibinge wako, si Something Necessary ilitoka kwenye mpango wa Wajerumani, One Fine Day Films ya Tom Tykwer? Kweli kabisa, na sitaificha. Pesa ya filamu Kenya mara nyingi imetoka nje, na anayelipa mpiga zumari tunajua ana haki gani. Ndiyo maana nataka tuangalie mfano mwingine, wa mtu aliyeanza bila hata hiyo.

Rafiki yangu aliyesoma Nairobi aliniletea kwenye flashi filamu ya Mfaransa mmoja, Agnès Varda. Jina lake ni Les Glaneurs et la glaneuse, ya mwaka wa 2000. Inahusu watu wanaookota mabaki: viazi vilivyoachwa shambani kwa sababu ni vikubwa mno au vina umbo la ajabu, matunda yaliyobaki mitini, vyakula vya sokoni baada ya wauzaji kuondoka. Alipoitengeneza alikuwa amepita miaka sabini, na sehemu yake aliipiga mwenyewe kwa kamera ndogo ya kidijitali ya kushika mkononi. Simu yako ina picha safi kuliko kamera ile. Niliiangalia mara mbili usiku huo, na nikamkumbuka yule mama wa faili ya "futa". Chai ikishapogolewa, wamama wanaingia kuokota matawi ya kuni. Huyo ndiye aliyenikatizia. Varda angezima injini, angemsalimia, angemuuliza huo mzigo ni wa siku ngapi. Mimi niliona ameniharibia shoti.

Mwanzo wa Varda ndio unaopaswa kutuaibisha zaidi. Alikuwa mpiga picha za mnato wa jumba la maigizo. Hakusomea filamu na hakuwa ameziona nyingi. Mwaka wa 1954 alienda Sète, mji wa bandari aliowahi kuishi akiwa msichana wakati wa vita, akapiga La Pointe Courte kwenye mtaa wa wavuvi maskini. Ndani yake wavuvi wenyewe wanacheza maisha yao, pamoja na ugomvi wao na wakaguzi wa serikali waliokuwa wakiwazuia kuvua kwenye wangwa. Pesa hakukuwa. Waigizaji na mafundi walifanya kazi kwa makubaliano ya kugawana hisa kama ushirika. Sisi watu wa chai, ambao tunaishi na ushirika tangu tuzaliwe, tunaosubiri bonasi kila mwaka na kuijadili mpaka kanisani, tunashindwa nini kufanya filamu ya watu sita kwa hisa?

Baadaye Varda alishinda Simba wa Dhahabu wa Venice mwaka wa 1985, akapewa Oscar ya heshima mwaka wa 2017, na alipokufa mwaka wa 2019 Ufaransa nzima ilimlilia. Hata filamu yake ya 2017, Visages Villages, aliitengeneza na JR, yule kijana wa picha kubwa ambaye mwaka wa 2009 alibandika macho ya wanawake wa Kibera kwenye mapaa ya mabati. Miaka sitini na zaidi ya kazi, na bado alikuwa akizunguka vijijini kwa gari akibisha milango ya wafanyakazi na wakulima. Hakuhitimu kutoka kwa watu wa kawaida.

Jibu la pili: uoga. Mashamba yana walinzi, droni yenyewe inataka kibali cha KCAA, filamu inataka leseni ya bodi, na ukimgusa mtu mkubwa utalala ndani. Hili silidharau. Wanuri Kahiu alifikisha Rafiki kwenye tamasha la Cannes mwaka wa 2018, filamu ya kwanza ya Kenya kuchaguliwa rasmi kule, na hapa nyumbani ikapigwa marufuku. Ilibidi aende mahakamani ndiyo ionyeshwe kwa siku saba tu. Kwa hiyo ndiyo, inaweza kukupata. Lakini kuweni wakweli: wengi wetu hatujafika hata mahali pa kuogopa. Hakuna bodi iliyotukataza kumrekodi nyanya akieleza chai ilipandwa lini kwenye ardhi ya babake. Hakuna mlinzi wa kampuni kwenye jiko la mama yangu. Tunatumia uoga wa mambo makubwa kama kisingizio cha kutofanya madogo.

Na hilo la ardhi, ngoja. Mwaka wa 1934 serikali ya kikoloni ilitunga sheria ya kuwahamisha Talai, wakapelekwa Gwassi, karibu na Ziwa Victoria, mbali na watu wao. Wapo wazee waliozaliwa kule. Agosti 2022 Kipsigis na Talai walipeleka malalamiko yao dhidi ya Uingereza kwenye Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu, Strasbourg. Yaani kilio chetu kimefika Ufaransa kikiwa kwenye faili la wanasheria. Wale wazee kila mwaka wanapungua. Nimelipwa kupiga mazishi ya mmoja wao. Nilipiga jeneza kutoka juu, likipita katikati ya majani chai, na familia ilisema imependeza sana. Sikuwahi kumpiga akiwa hai, na aliishi kilomita mbili kutoka kwetu.

Jibu la tatu ndilo ninalolisikia zaidi kutoka kwa wadogo zangu: "Wacha nitoke kwanza." Nitoke niende Nairobi, niende nje, nikijulikana nitarudi kupiga hadithi za nyumbani. Sikatai mtu kutoka. Lakini hadithi za nyumbani hazisubiri. Mashine za kuchuma haziwezi kukungoja ujulikane. Mei 2023 vijana waliokasirishwa na ajira zilizopotea walizichoma kadhaa pale Kericho, na kilichobaki mtandaoni ni klipu za sekunde kumi na tano za moshi na kelele. Hakuna aliyekaa na mmoja wao siku mbili akamuuliza kesho yake atakula nini. Hakuna aliyekaa na mama kama wangu. Ukirudi baada ya miaka kumi utakuta majani yako palepale, mazuri vilevile kutoka juu. Wanaojua namba nane ni wapi watakuwa wameondoka.

Kwa hiyo ninachoomba ni hiki. Endelea na harusi zako. Mimi pia naendelea, watoto wanakula. Lakini katika kila mwezi toa siku moja, weka droni kwenye begi, chukua hata simu, na ukae na mtu mmoja kwenye kiti. Acha azungumze lugha anayoota nayo. Tutaandika tafsiri ya Kiswahili chini ili Mkisii na Mluo aliyefanya kazi pamoja naye aelewe. Mwenye kinasa sauti kizuri asaidie asiye nacho. Mwenye kuhariri ahariri kwa hisa. Na serikali zetu za kaunti, Kericho na Bomet, ambazo kila maonyesho huniita nipige majani kutoka angani kwa ajili ya wawekezaji, zitupe kitu kimoja tu: ukumbi wenye stima, jioni moja kwa mwezi. Sisi hatuombi jumba la sinema.

Mimi nimeanza. Mwezi uliopita nilimweka mama jikoni, dirisha likiwa kushoto, kamera kwenye stendi, nikamuuliza kuhusu namba nane. Nilidhani tutazungumza dakika kumi. Tulimaliza kadi nzima. Alinitajia wenzake wote wa mstari wake kwa majina, na nani alikuwa na mikono myepesi, na msimamizi gani walikuwa wakimkimbia na kwa nini. Mengine sikuwahi kuyasikia, na mengine ninatamani ningeyasikia mapema. Kuna sehemu aliniambia nizime, nikazima.

Tulipomaliza akauliza, "Sasa hii utaonyeshea watu wapi?"

Sikuwa na jibu. YouTube hakuiita mahali. Alimaanisha wapi, mahali pa kukaa, na wale wenzake aliowataja.

Nimezungumza na mzee wa kanisa letu. Amekubali kutupa ukumbi Jumamosi moja baada ya mazoezi ya kwaya. Projekta nimeazima, shuka jeupe mama anayo, jenereta natafuta kwa sababu stima ya kwetu mnaijua. Ikifika saa kumi na mbili na mvua iwe imeacha, tutaanza. Yule wa kuni pia nimemtafuta. Faili yake nimeibadilisha jina.